Mswada wa Baba Mkwe

Mwaka ulikuwa 1992, na majira yalikuwa masika. Mvua ilikuwa imenyesha kijijini Lupepo siku kumi na moja bila kupumzika, na njia itokayo barabara kuu ilikuwa tope tupu, siku Tulia aliporudi nyumbani kwa mumewe akiwa amejitwika taipureta iliyofunikwa kwa mfuko wa mbolea. Shirika la umma alilolitumikia miaka tisa akiwa karani mpiga chapa lilikuwa limepunguza wafanyakazi. Fedha za kuwaagia hazikutosha. Wakaambiwa kila mmoja achague kifaa kimoja cha ofisini, aende nacho. Wenzake waligombania viti na makabati. Yeye alichukua mashine ambayo vidole vyake viliijua.

Shangazi Felista alimpokea barazani, akauzunguka mzigo ule mara mbili.

"Wenzako wamekwenda kwao na viti," alisema. "Wewe umekuja na chuma. Tutakikalia hicho?"

"Hakikaliwi, shangazi. Kinaandika."

"Basi kimekosea nyumba. Humu tunaye mmoja aandikaye, na bado hatujaona faida yake."

Huyo mmoja alikuwa kaka yake Felista na baba mkwe wa Tulia, Mwalimu Ambindwile Mwakatundu. Zamani, alipokuwa akifundisha, alitunga riwaya mbili zilizosomwa shuleni mpaka nakala zikachanika. Kisha mkewe akafariki. Mwalimu akaacha kazi, akajijengea kijumba cha mianzi kilichokandikwa udongo nyuma ya migomba, akahamia humo na vitabu vyake, na kwa miaka kumi na minane hakuna aliyeona kitabu kipya. Mjini Tukuyu hakuwa amekanyaga kwa miaka tisa. Mgeni akija kumtafuta, Felista alimjibu kwamba Mwalimu amelala, hata kama ilikuwa saa nne asubuhi na moshi wa kiko ulikuwa ukitoka dirishani. Majirani walinong'ona kwamba anaandika dhambi za kata nzima, na kwamba siku ya mazishi yake zitasomwa zote, moja baada ya nyingine.

Tulia hakuwahi kumwona uso. Katika ukoo ule mkamwana alimcha baba mkwe wake kwa namna ya kale, ambayo nyumba nyingi zilikwisha kuiacha: hakukutana naye njiani, hakula naye, hakusema naye, wala hakulitamka jina lake alilopewa, ingawa la ukoo lilikuwa la wote. Mwalimu alipotaka kutoka kijumbani alikohoa mara mbili. Tulia aliposikia, aliingia migombani akageuza uso mpaka nyayo zikapita. Kwa miaka saba ya ndoa alimjua kwa kikohozi, kwa kofia ya sufu na kwa mgongo unaokwenda mbali. Mumewe, Obed, aliyeendesha lori kati ya Tunduma na Dar es Salaam na kulala nyumbani siku mbili kwa mwezi, alipenda kusema kwamba desturi ile ilimkaa baba yake vizuri kuliko koti. Wengine huepukwa na mkamwana peke yake; mzee yule angefurahi kuepukwa na dunia nzima.

Mwezi wa Mei ikaja barua. Zilikuwa siku za ruksa. Maduka ya Tukuyu yalikuwa yamejaa vitu ambavyo watu walikuwa wakivisikia kwa majina tu, na kazi zilizokuwa za serikali, hata ile ya kuchapa vitabu, zilianza kushikwa na watu binafsi. Mhariri wa kampuni changa ya Dar es Salaam, aliyezisoma riwaya za Mwalimu akiwa shuleni, alimwandikia hivi: ikiwa upo mswada, tunauhitaji, lakini uwe umepigwa chapa, nao utufikie kabla ya Septemba kwisha.

Felista alimkuta Tulia akimenya ndizi jikoni.

"Kaka anauliza kama chuma chako bado kinaandika."

"Ameuliza?"

"Kwa mdomo wake. Hata mimi nimeshtuka. Anayo madaftari. Wewe hutamwona, naye hatakuona. Mimi nitakuwa posta."

"Na stempu je, shangazi?"

"Stempu ni sukari. Vijiko viwili kwa kila safari, na usinipimie kwa kile kijiko kidogo cha dawa."

Yalikuwa madaftari ishirini na mawili ya shule, yale yenye jedwali la kuzidisha nyuma. Mwandiko wa daftari la kwanza ulikuwa wa mwalimu, umesimama wima kama wanafunzi mstarini. Kufikia la kumi herufi zilianza kulala, na katika la ishirini zilitetemeka hata ukurasa ukafanana na mchanga uliopitwa na kuku. Riwaya iliitwa *Sahani ya Pili*. Ilisimulia habari za mjane wa kiume ambaye kila jioni, kwa mwaka mzima baada ya kumzika mkewe, aliandaa meza kwa watu wawili, na habari za dada yake aliyekuja kila asubuhi kuiosha sahani ambayo haikuwa imeliwa.

Tulia alipiga chapa barazani, mgongo wake ukielekea migomba. Alipokwama aliandika swali kwenye kipande cha karatasi, na Felista akakipeleka.

*Baba, daftari la tatu, ukurasa wa tisa. Mtu huyu ameshuka mlimani au ameshushwa?*

Jibu lilirudi kabla sufuria haijachemka. *Ameshushwa. Hakuna ashukaye mlima ule kwa hiari yake.*

*Baba, daftari la tano. Mvua hii ilinyesha siku ngapi? Hapa ni tatu, kule ni saba.*

*Saba. Mwandishi alikuwa na homa. Asante.*

Hivyo ndivyo walivyozungumza wakwe wale wawili, kwa mara ya kwanza katika miaka saba, kwa vipande vya karatasi visivyozidi upana wa kiganja. Desturi haikuguswa. Felista alikwenda na kurudi, akilalamika juu ya magoti yake, huku akiwa amebeba mkononi habari za dada mtu, asijue kwamba ni yeye mwenyewe. Miwani yake ilikuwa imevunjika tangu Krismasi.

"Kinasema nini kitabu chenyewe?" aliuliza siku moja.

"Kuna mama mmoja anaosha vyombo."

"Basi hakitauzwa. Nani anunue habari za kuosha vyombo?"

Juu ya mama huyo huyo ndipo mpiga chapa na mwandishi walipokosana. Katika mswada, dada mtu aliosha sahani safi mwaka mzima, wala hakusema neno. Tulia alivumilia mpaka daftari la kumi na nne, kisha akaandika: *Baba, nisamehe. Hakuna mwanamke atakayeosha sahani safi mwaka mzima akanyamaza.*

Jibu lilikuja na maneno matatu. *Mpiga chapa, piga.*

Akapiga. Siku tano hakukuja daftari. Felista alirudi mikono mitupu na kusema kaka yake anatembea ndani kama mbuzi aliyefungwa. Siku ya sita ilikuja sura mpya, kurasa kumi na moja, ambamo dada mtu alikishika kile chombo, akakitazama, akasema yote aliyokuwa nayo moyoni, naye mjane akamsikiliza kwa mara ya kwanza. Ukingoni palikuwa na maandishi madogo: *Ulikuwa na haki.* Tulia aliipiga sura ile chapa huku machozi yakimdondokea kwenye utepe wa mashine.

Tepe zenyewe alizinunua Tukuyu, mtaa wa Ibighi, kwa Saada. Babu yake Saada alikuja kutoka Kilwa akiwa fundi cherehani. Mjukuu alikuwa na duka la karatasi, kalamu na kaboni, na ulimi usiolala.

"Shoga, utepe wa tatu mwezi huu! Unampigia nani chapa, waziri?"

"Baba mkwe."

"Yule asiyeonekana? Anaitwa nani vile?"

Tulia alitazama rafu za madaftari.

Saada alijipiga paji la uso. "Aa, nimesahau. Haya, nitajie herufi ya kwanza tu, nami nitafumbua mwenyewe."

"Hata hiyo."

"Jamani! Sisi wengine wakwe zetu tunawataja kutwa kucha, na si kwa mema."

Mwishoni mwa Septemba kazi ilikwisha, ikabaki karatasi moja tu, ile ya mbele. Tulia alipiga kichwa cha riwaya katikati kwa herufi kubwa. Chini yake akapiga *Imetungwa na*. Hapo vidole vilisimama. Wazee walioiweka desturi hawakusema lolote juu ya taipureta. Walikataza kinywa; vidole hawakuvitaja. Tulia alilitafakari jambo hilo kwa muda mrefu kuliko alivyotafakari ukurasa mwingine wowote, akaona kwamba vidole vya mpiga chapa ndivyo kinywa chake. Akaacha nafasi wazi, akiamini kwamba mwenye jina ataijaza kwa kalamu.

Mwalimu aliupokea mswada, akaiona nafasi ile. Alijua kwa nini iko wazi. Akafikiri kwamba mtu aliyekaa ofisini miaka tisa anajua majina yanapokaa, na kwamba hapana shaka Obed ndiye atakayeijaza. Kumkumbusha mkamwana jambo kama hilo ni kumwaibisha. Akafunua ukurasa, akaendelea. Kila mmoja alimstahi mwenzake, na kati ya heshima hizo mbili nafasi ikabaki wazi.

Kisha ikaja karatasi ya mwisho: *Andika barua hivi. Naleta mswada wangu mlioutaka. Neno lisibadilishwe bila kuniuliza. Sahihi weka wewe, mkono wangu hautulii.*

Karani aliyefunzwa akimtilia mtu sahihi huandika kwanza *kwa niaba ya*, halafu jina la mtu huyo. Tulia aliyajua hayo kama alivyoijua sala. Lakini jina lilikuwa lile lile. Akaiacha *kwa niaba ya* isiyo na mwenyewe, akaandika chini kabisa: *Tulia Mwakatundu*. Obed aliuchukua mswada kwenye lori lake, akaukabidhi Dar es Salaam kwa mlinzi wa lango, kwa kuwa ilikuwa Jumapili.

Mhariri aliyeomba mswada alikuwa amehamia kazi nyingine. Aliyeshika nafasi yake, kijana aitwaye Hashimu, alikuta barua, sahihi na mswada usio na jina, akaona mambo yako wazi. Kampuni changa za siku zile zilichapa kwanza, zikauliza baadaye.

Juni ya mwaka uliofuata, baridi ikiwa kali na ukungu ukishuka mpaka vizingitini, kifurushi kilifika Lupepo. Ndani mlikuwa na vitabu kumi na viwili vyenye harufu ya wino. Tulia alikitoa cha kwanza, akalisoma jalada, akakirudisha haraka kama mtu aliyeshika jivu la moto.

"Kina nini?" aliuliza Felista.

"Kina jina langu."

"Jina lako liko wapi?"

"Pale pa mwandishi."

Felista alikaa chini taratibu. "Gwe, wewe mwanangu," alisema. "Umemmeza kaka yangu mzima mzima, hata kofia hukuitema."

Barua ya Hashimu ilikuwa ya furaha tangu mwanzo mpaka mwisho. Walimu wa Mbeya walikuwa wamekwisha kukisifu kitabu. Kampuni ingefanya mkutano wa wasomaji Tukuyu, Jumamosi ya mwisho ya Julai, na mwandishi ndiye mgeni wa heshima. Tena kampuni ilikuwa ikifungua ofisi Mbeya na ilimhitaji mtu wa kusoma na kusahihisha miswada ya mikoa ile. Nani angefaa kuliko mwandishi wa *Sahani ya Pili*? Mshahara ungeanza Agosti.

Tulia alituma kitabu kimoja kijumbani pamoja na barua ile, na kipande cha karatasi chenye neno *Nisamehe* peke yake. Siku mbili hakukuja jibu. Siku ya tatu lilikuja, nalo lilikuwa refu kuliko yote.

*Nimekisoma chote. Makosa ya chapa ni manne, si yako. Jina liache lilivyo. Nilitaka kisomwe, nacho kinasomwa, wala hakuna atakayekuja kunigongea mlango. Wewe huna kazi. Chukua.*

Obed aliporudi alikisoma kipande hicho akiwa amesimama, funguo za lori mkononi.

"Basi yamekwisha. Mzee mwenyewe amesema chukua."

"Amesema hivyo kwa sababu anapenda mlango wake ufungwe."

"Na wewe unapenda nini? Kazi ya ofisini, Tulia! Kusoma tu! Unajua ni watu wangapi waliopunguzwa wanauza mitumba pale stendi?"

"Nikiichukua, nitaitwa nani katika nyumba hii?"

"Utaitwa mwandishi."

"Na baba yako?"

"Ataitwa vile anavyoitwa siku zote," alisema Obed. "Amelala."

Walicheka wote wawili, naye Tulia akakasirika kwa kuwa amecheka. Lakini wiki zilipopita aliizoea ile hoja. Mzee ameruhusu, na mtoto mtiifu hakatai ruhusa ya mkubwa. Unga ulikuwa ukinunuliwa kwa fedha za Obed peke yake. Tena alikuwa na sehemu yake katika kitabu kile, kurasa kumi na moja, ambazo bila yeye zisingalikuwapo. Hivyo alijiambia akiteka maji, akipalilia, akifunga mzigo wa kuni. Kufikia Julai alikuwa ameshona kitenge kipya, na hotuba fupi alikuwa ameiandika, ya kuwashukuru wasomaji. Hotuba ile haikuwa na uongo hata mmoja. Ilikuwa imepita kando ya ukweli kwa adabu, kama yeye alivyozoea kupita migombani.

Jumamosi ile alikwenda Tukuyu pamoja na Felista. Ukumbi ulikuwa umejaa walimu, wanafunzi wakubwa, na wanawake wa Lupepo waliokuja kumwona mwenzao. Saada alikuwa amepewa kazi ya kuuza vitabu, akavipanga mezani kama sabuni.

"Mwandishi ndiye huyo anaingia!" alipaza sauti. "Njooni, kabla hajapanda bei!"

Hashimu alimpokea. Alikuwa kijana mwembamba, amevaa masweta mawili, na bado meno yake yaligongana kwa baridi ya Rungwe. "Mama, heshima ni yetu," alisema. "Nilidhani utakuwa mtu mzima zaidi. Kitabu kile kina umri."

Tulia alitabasamu. Wakati watu wakitafuta viti, mwalimu mmoja wa kike wa makamo, aliyevaa kilemba cheusi, alimjia akakishika kiganja chake kwa mikono miwili. Kitabu alikuwa amekibana kwapani.

"Sitakuchelewesha, mwanangu," alisema mama yule. "Nimemzika mume wangu Februari. Watu walinipa pole nyingi, nikazipokea, hazikufika ndani. Nimesoma pale mjane anapoilaumu sahani kwa kuwa ni safi. Nikajua kwamba aliyeandika haya amezika. Hayabuniwi hayo. Basi nimekuja kukupa pole yako. Pole sana, mwanangu. Pole kwa huyo uliyemzika."

Tulia hakuwa amemzika mtu yeyote. Wazazi wake walikuwa hai kule Isongole, wakilima viazi. Mama yule alimngojea, macho yamemtulia usoni, na desturi ya watu haimruhusu mtu kukataa pole.

"Asante, mama," alisema. "Nimeipokea."

Mama yule akaenda kuketi akiwa ametua mzigo, na mzigo wenyewe ukabaki mikononi mwa Tulia. Aliikunja hotuba yake mara nne. Jina lililo juu ya jalada angeweza kulivumilia, majalada huchanika. Lakini alikuwa amepokea pole ya mfu asiye wake, na mwenye mfu yule alikuwa kijumbani, peke yake, kwa mwaka wa kumi na tisa, hajui kwamba kuna mtu ameibeba pole yake mpaka Tukuyu.

Hashimu alipomtambulisha, watu walipiga makofi. Tulia alisimama.

"Kitabu hiki mimi nilikipiga chapa," alisema. "Sikukitunga. Jina langu limekaa pale kwa kosa langu mimi. Aliyekitunga ni baba mkwe wangu."

Hashimu aliinuka nusu, akaketi, akainuka tena. Alifunua daftari lake.

"Mama, samahani. Baba mkwe wako anaitwa nani?"

Walimu waliotoka mbali walingoja jibu, kama watu wanavyongoja jibu la swali jepesi. Wanawake wa Lupepo nyuma walishusha nyuso, kwa kuwa walijua swali lile lina uzito gani. Felista alikuwa amekwisha kufungua kinywa ili amwokoe. Dada mtu angeweza kulisema jina la kaka yake mara mia bila dhambi. Tulia alimwinulia mkono amngoje. Yeye ndiye aliyeiacha nafasi wazi. Mtu mwingine akiijaza, itabaki kuwa wazi kwa upande wake.

"Ambindwile," alisema. Sauti ilimtoka ndogo, akarudia. "Mwalimu Ambindwile Mwakatundu, wa Lupepo."

"Eee! Amelitamka!" alisema mwanamke mmoja nyuma, akajiziba kinywa kwa khanga.

Mwalimu mkuu mmoja mzee aliyekaa mbele alivua miwani. "Yule wa riwaya mbili? Yu hai?"

"Yu hai," alijibu Felista kwa sauti kavu. "Amelala."

Baada ya hapo Tulia alikaa kwenye meza ya Saada, akaomba kalamu. Kila aliyenunua kitabu alimletea, naye akalifuta jina lake jaladani kwa mstari mmoja ulionyooka, akaandika juu yake lile jingine. Vitabu hamsini na vitatu.

"Shoga," alisema Saada kwa sauti ya chini, akimsogezea kingine, "kumbe ni jina zuri tu. Nilidhani linauma."

Hashimu alimfuata ukumbi ulipobaki na watu wachache. "Toleo lijalo tutalirekebisha jina, hilo naahidi. Lakini ile kazi ya Mbeya, mama... wakubwa zangu walimtaka mwandishi."

"Najua."

"Nitawaambia nini?"

"Waambie karani alikosea. Watakuelewa upesi. Sisi ndio hukosea siku zote."

Njiani kurudi Felista alitembea kimya mpaka walipovuka daraja, jambo ambalo halikuwahi kutokea.

"Unajua kwamba sasa unadaiwa," alisema hatimaye.

"Najua, shangazi. Sijui kiasi."

"Mtetea mmoja asiyeanza kutaga. Hivyo ndivyo wazee wa ukoo wetu walivyoweka kwa mkamwana anayelitamka jina. Na mdai hana budi kumpokea kwa mkono wake mwenyewe, kutoka mkononi mwa mdaiwa. Mimi posta yangu haichukui kuku."

"Na asipompokea?"

"Basi deni litakaa juu yako mpaka mmoja wenu afe. Kaka hapendi kufunguliwa mlango, na wewe umemfungulia mbele ya wilaya nzima. Mimi simsemei."

Felista alisema kweli. Jumatatu walifika walimu watatu kumtafuta Mwalimu, na Jumanne wanafunzi wanane. Wote waliambiwa amelala. Kikohozi hakikusikika, wala moshi wa kiko haukuonekana. Jumatano asubuhi Tulia alinunua mtetea mweusi kwa jirani, akamfunga miguu kwa kamba ya mgomba, akapita njia ambayo kwa miaka minane alikuwa ameiepuka. Felista alimtangulia, akabisha.

"Kaka, kuna mtu ana haki yako hapa nje."

Komeo likavutwa.

Mzee aliyesimama mlangoni alikuwa mdogo kuliko mgongo ambao Tulia aliuzoea. Alikuwa na ndevu nyeupe zisizochanwa na macho yaliyovimba kwa kusoma. Tulia alipiga magoti, akainamisha macho yake.

"Nilikuambia uliache," alisema Mwalimu. Sauti yake ilikuwa na kutu ya mtu asiyeitumia. "Nilikupa. Kwa nini hukuliacha?"

"Baba, kule mjini kulikuwa na mama aliyefiwa na mumewe. Alikisoma kitabu, akanipa pole kwa ajili ya marehemu mama. Alidhani ni mfu wangu. Nikaipokea, kwa kuwa pole haikataliwi." Aliinua macho. "Haikuwa yangu. Ningekaaje nayo?"

Mwalimu alishika mwimo wa mlango. Kuku akajipapatua, akatulia. Kisha mikono miwili iliyotetemeka ikanyooshwa.

"Pole, Baba," alisema Tulia, akamkabidhi yule mtetea.